Ripoti ya Kengele Iliyochelewa

Jumamosi, saa tisa na dakika arobaini alasiri, nilikaa kwenye ngazi ya mlango wa nyuma nikaipeleka simu ya Kambo Kinshasa.

Naanza na siku na saa kwa sababu ndivyo nilivyofundishwa kesho yake. Nikijiachia nianze ninavyotaka, nitaanza na baridi, au na safari ya mama, au na umeme uliokatika, na hapo nitakuwa nimeshajitoa kwenye jambo langu mwenyewe. Najijua.

Kambo ni baba yake mama. Huku Lubumbashi babu ni kambo na bibi ni kambo, na kwetu amebaki huyo mmoja. Tunakaa watatu: yeye, mama na mimi. Alifanya kazi ya reli miaka mingi, kwanza kuongeza makaa, halafu dereva, na alipostaafu parokia ikampa kengele. Tunasema kengele, lakini ni kipande cha reli kirefu kama mkono wa mtu mzima, kimening'inizwa kwa mnyororo nyuma ya kanisa, na hupigwa kwa nyundo. Nyundo ni yake. Huilaza kwenye kitambaa chini ya kitanda, na kila asubuhi huondoka nayo kama mwalimu na chaki zake. Jioni hupiga katekista. Asubuhi ni ya Kambo, na watu wengi wa mtaa wetu hawaweki saa ya kuwaamsha, wanangoja reli.

Macho yake yameingia ukungu. Saa yake ya mkono ilipomshinda kusoma, mjomba wangu anayekaa Kolwezi alimletea simu kubwa aliyoinunua Kinshasa, yenye tarakimu zinazojaza kioo kizima. Nakumbuka siku ile mjomba alivyoitengeneza mezani. Ilikuwa bado na saa ya Kinshasa, na sisi tuko mbele yao kwa saa moja, kama wanavyotangaza kila siku kwenye televisheni: huko saa fulani, Lubumbashi saa fulani. Mjomba alizima ile saa inayojipanga yenyewe kwa sababu ilikuwa inatubabaisha, akachagua jina la mji wetu kwa mkono. Nilikuwa nimesimama nyuma ya bega lake. Naona vitu vingi nikiwa nyuma ya bega la mtu, maana ni mahali ninapopapenda.

Ndani ya simu hiyo kuna mchezo wa nyuki. Unaunganisha maua matatu matatu, nyuki wanatoka, mzinga unajaa, na ukichelewa asali inamwagika. Ni hivyo tu. Sijui nieleze vipi kwa nini niliupenda. Shuleni mwalimu akiniita ubaoni, sauti yangu hubaki kwenye benchi. Kwenye mchezo hakuna anayeniita. Nyuki wananingoja, na nikikosea wanazunguka kidogo halafu wanarudi.

Nilicheza mpaka macho yakawa mekundu na kichwa kikaniuma darasani, mwalimu akaandika maneno mawili kwenye daftari la mawasiliano, mama akasema basi, imekwisha. Kambo ndiye aliyenitetea. Alimpigia mjomba, wakakubaliana, na mjomba alipokuja akawasha kikumbusho cha mchezo na kukifunga kwa namba anazozijua yeye: nusu saa ya kucheza, halafu saa nzima ya kupumzika. Muda ukifika, kobe anatoka pembeni ya kioo, anatembea polepole mpaka katikati, anaingiza kichwa ndani ya gamba. Maneno ya Kifaransa yanatokea: umecheza nusu saa, pumzisha macho yako. Ukigusa, kobe hatoki. Ukigusa tena, hatoki.

Kambo alimpenda huyo kobe. Alimwita shefu wa gare, mkuu wa stesheni, kwa sababu akifunga, treni haipiti hata kama dereva ni nani. Akisikia kimya kwenye ngazi huuliza kutoka ndani:

"Shefu alishafunga?"

"Alishafunga, Kambo."

"Muzuri. Mutoto anajua kusimama pa signal."

Ukweli ni kwamba kwa miezi miwili nilikuwa nikimdanganya shefu. Niligundua kwamba kobe hahesabu muda wa kweli, anatazama saa ya simu tu. Basi kabla ya kuanza kucheza naingia kwenye mipangilio ya simu, naichagulia Kinshasa, saa inarudi nyuma. Nacheza nusu yangu. Kobe akija, naenda tena kule, nachagua Lubumbashi, saa inaruka mbele, na kobe anadhani nimeshapumzika saa nzima. Anatoa kichwa, ananikaribisha. Nacheza nusu nyingine. Mara moja tu kwa siku, maana mara ya pili haifanyi kazi. Nilijiambia ni kitu kidogo. Nilijiambia pia kwamba simwambii Kambo uongo, kwa sababu kobe alikuwa amefunga kweli. Mtu ukiwa mwoga wa kusema, unajifunza kutumia vizuri maneno machache uliyo nayo.

Jumamosi ile, basi, niliipeleka Kinshasa, nikaanza. Nilikuwa na mizinga minne imejaa. Mama alikuwa anajiandaa kwenda Kipushi kwenye kilio cha binamu yake, alale huko, arudi Jumatatu. Nilicheza kama dakika ishirini, nikasikia sauti yake mlangoni.

"Weye, njoo ubebe hii kikapo. Gari iko inangoja, na bale bamama habangoje muntu."

Niliufunga mchezo, nikairudisha simu juu ya kabati la Kambo, nikabeba kikapu. Barabarani mama alinifunga kitambaa changu cha kichwa upya ingawa kilikuwa kimefungwa vizuri, akaniambia kuna maharage kwenye sufuria na nisimwache Kambo atoke bila koti. Gari ikaondoka. Nikarudi, nikasonga bukari, ugali wetu wa huku, tukala. Umeme ulikatika kabla ya jua kuzama, kama kawaida ya wiki ile. Kulikuwa na baridi ile ya mwezi wa sita inayoingia chini ya mlango. Kambo alivaa kofia yake ya sufu, akaingia kulala mapema, na mimi pia.

Sikuikumbuka saa. Nimetafuta ndani yangu kama niliikumbuka nikapuuza, na sipati. Kila siku aliyenikumbusha kuirudisha Lubumbashi alikuwa kobe. Akifunga, naenda kurudisha saa ili afungue. Siku ile mama aliniita kabla kobe hajatokea. Yule niliyekuwa namcheka kwa miezi miwili ndiye peke yake aliyekuwa anaiweka saa ya Kambo mahali pake, na sikuwahi kulifikiria hilo hata mara moja.

Jumapili misa ya kwanza ni saa kumi na mbili na nusu. Kengele ya kuamsha watu hupigwa saa moja kabla yake, saa kumi na moja na nusu kama siku zote, mapigo thelathini. Kwa hiyo simu ya Kambo humwamsha saa kumi na moja kasoro robo. Lakini Kambo haamini saa moja peke yake. Kwenye reli, dereva na mkuu wa treni walikuwa wanasomeana saa zao kabla ya kuondoka, zisipolingana treni haitoki. Sasa kwa kuwa hakuna mkuu wa treni, saa ya pili ni mimi. Kila asubuhi huniletea simu mpaka kitandani.

"Mutoto. Somea miye."

Nilifungua jicho moja. Nilizisoma tarakimu kama zilivyo.

"Kumi na moja kasoro robo, Kambo."

"Njo na miye nilisikia," alisema; njo ni ndio ya huku kwetu. "Lakini naona kama kunaanza kupambazuka." Alisimama dirishani, akalisogeza pazia. "Hapana. Ni haya macho."

Nikajifunika tena. Nilimsikia akinawa, akivaa koti, akiitoa nyundo kwenye kitambaa. Mlango ukafungwa.

Sikulala vizuri. Mwanga ulikuwa unaongezeka kwenye pazia, nikaona ni mapema mno, nikajiambia labda ni mwezi. Halafu jirani yetu akawasha redio yake ya betri. Yeye huifungua kwa nguvu, mtaa mzima unaisikiliza pamoja naye. Mtangazaji akasalimia, akasema ni saa kumi na mbili na robo, hapa Lubumbashi.

Niliketi kitandani kabla sijaelewa kwa nini. Halafu nikaelewa.

Sasa nafika kwenye sehemu ambayo ningeweza kuiruka na hakuna mtu angejua. Kanisa liko dakika kumi kwa mguu, na nikikimbia ni tano. Kambo alikuwa ameshafika, lakini najua desturi yake: hukaa kwenye tofali kando ya reli yake, simu mkononi, mpaka dakika yenyewe ifike. Kwake yeye ilikuwa bado saa kumi na moja na robo. Nilikuwa na dakika kumi na tano za kumkuta hajainua nyundo. Ningefika, ningemwambia sikioni: Kambo, usipige, simu imekosea. Angeinuka, angeingia misani pamoja na watu wengine, na lingebaki jambo la kengele iliyosahaulika siku moja.

Nilivaa kiatu kimoja.

Kisha niliwaza ule uwanja. Saa ile wanakwaya wanakuwa wamejipanga mlangoni na mavazi yao, vijana wa darasa langu wamesimama ukutani wakiota jua, wamama wanatazama nani kaja na nani hakuja. Ningepita katikati yao nikihema, nguo ya kulalia chini ya sweta, na wangeuliza kuna nini, na ningepaswa kujibu. Nilikaa na kile kiatu mguuni, cha pili mkononi. Nilikuwa nasema sasa nainuka. Nilisema hivyo mara nyingi. Jirani alibadilisha stesheni, akapata nyimbo.

Halafu reli ikalia. Niliyahesabu mapigo yote. Kambo hupiga vizuri, haharakishi, anaacha kila mlio uishe kidogo ndipo anaongeza mwingine. Yalikuwa thelathini kamili.

Nilipofika kanisani misa ilikuwa imekwisha na watu wametawanyika uwanjani. Nilisimama nyuma ya wamama wawili. Kambo alikuwa katikati na nyundo yake, na katekista, kijana mrefu mwenye kicheko cha karibu, alikuwa ameshika ile simu.

"Papa, leo ulikuwa unaamsha nani? Padri anafungua misa, weye unapiga. Padri anangoja unyamaze, weye unaongeza."

"Nilisikia bantu banaimba," alisema Kambo. "Nikafikiri kwaya banajaribu nyimbo. Saa njo hii, angalia weye mwenyewe."

Katekista aliangalia simu, akaangalia saa yake ya mkononi, akaangalia simu tena.

"Papa, telefoni yako iko Kinshasa. Weye uko huku, yeye iko kule."

Watu wakacheka. Si kwa ubaya, na hilo ndilo lililonichoma zaidi. Mama mmoja wa kwaya alisema, "Mumuache Papa, aliamsha bantu ba Kinshasa, na beye bako na dhambi." Mwingine akasema, "Lakini Papa, treni ya Kinshasa haifikake huku." Vijana wa ukutani walilidaka, wakalirudia, na kabla sijapumua lilikuwa tayari jina: Papa Kinshasa.

Kambo alicheka kidogo pamoja nao, kwa adabu. Kisha akaigeuza simu mkononi, akaisogeza karibu na pua, akasema kwa sauti ya chini, kama anayejiuliza mwenyewe, "Niligusa wapi?"

Nilikuwa hatua nne kutoka kwake. Nilisogea zaidi nyuma ya wale wamama.

Baada ya misa ya pili wazee wa parokia walikutana kwa dakika chache tu. Mama mwenyekiti wa baraza, ambaye nyumba yake inapakana na kanisa, alikuja mwenyewe kumweleza Kambo, na alimweleza kwa heshima. Watu walikosa misa, wengine walikuja mbio nusu wamevaa. Si kosa lake, ni macho. Kesho asubuhi alete nyundo, katekista aipokee, na yeye apumzike sasa, amefanya vya kutosha. Apumzike. Alilitamka neno hilo kwa upole, kama kobe.

"Nyundo ni yangu," alisema Kambo.

"Basi ubaki nayo nyumbani, Papa. Lakini uje kesho tuachane vizuri."

Mchana Kambo hakula. Aliweka kiti juani uani, akaiweka nyundo mapajani, akawa anaifuta mpini kwa kitambaa, pale pale, tena na tena. Nilimpelekea maharage, akaniambia niyafunike. Nilifagia uani ambako nilikuwa nimeshafagia. Mwishowe akaniita.

"Leta ile telefoni. Onyesha miye pale nilipogusa."

Nilikaa chini karibu na kiti. Nikamwonyesha. Unafungua hapa, kwenye kigurudumu. Unashuka mpaka mwisho. Unaingia kwenye saa na tarehe. Unagusa mji. Inakuja orodha ndefu ya miji, unaitafuta Kinshasa, unaichagua. Vidole vyangu vilikwenda vyenyewe, kwa kasi, na niliona anavitazama vidole na si kioo.

"Sasa acha miye nifanye."

Kidole chake ni kinene na ngozi imekufa kwa makaa ya zamani. Aligusa kigurudumu, taa ya simu ikawaka. Aliizima, simu ikaanza kumpigia mjomba Kolwezi. Mjomba akaitika, "Papa, kuna nini?" na Kambo akamjibu, "Hakuna kintu, nilikuwa natafuta Kinshasa," akakata. Siku nyingine tungecheka mpaka jioni. Alijaribu mara tatu, na hata mara moja hakufika kwenye saa na tarehe.

Aliiweka simu juu ya goti.

"Kidole yangu haiwezi kufika kule," alisema.

Kuku wa jirani waliingia, wakatoka. Nilingoja aniulize, na nilijua akiniuliza nitasema. Hakuniuliza. Alianza kusema mambo ya reli, na mwanzoni nilidhani ameamua kubadilisha mazungumzo.

"Kwa reli, treni ikichelewa, siku ile ile inaandikwa rapport. Siku. Saa. Pahali. Sababu. Na jina ya muntu. Hata dakika tano, inaandikwa. Kama ni fundi wa signal alilala, yeye mwenyewe anaandika: nililala. Bakubwa banamukaripia, kesho anarudi ku kazi. Kuchelewa haikufukuze muntu. Kuficha njo ilikuwa inafukuza."

"Na kama hakuna aliyeandika?" niliuliza.

"Basi inaandikwa juu ya dereva."

Akaifunga nyundo kwenye kitambaa, polepole, kama anafunga mtoto.

"Miye njo nilikuwa dereva," alisema, akaingia ndani.

Jua lilikuwa bado liko juu ya ukuta. Nilichukua daftari langu la fizikia, ambalo lina kurasa nyingi tupu, nikakaa kwenye ngazi ile ile. Mara ya kwanza niliandika kwamba simu ilikwenda Kinshasa, kana kwamba ilipanda ndege yenyewe. Nikachana. Mara ya pili nilianza na mama kuniita, na umeme, na baridi. Nikachana. Mara ya tatu niliandika siku, nikaandika saa tisa na dakika arobaini, nikaandika ngazi ya mlango wa nyuma. Kwenye sababu niliandika kuhusu nyuki na kobe, na miezi miwili. Nilifika kwenye jina, nikaandika langu lote, na lile la ubatizo. Nilidhani nimemaliza. Lakini kile kiatu kimoja kilikuwa hakimo, na bila kiatu ripoti ilikuwa ya mtu aliyesahau tu. Nikaongeza mistari minne chini ya jina. Mwandiko wa mistari hiyo si kama wa ile mingine.

Sikumwonyesha Kambo. Niliirudisha simu Lubumbashi, nikailinganisha na redio ya jirani, nikaiweka juu ya kabati.

Jumatatu asubuhi niliamka kabla ya simu. Nilivaa sare ya shule na viatu, nikakaa kwenye giza la sebule. Kambo alipotoka na nyundo iliyofungwa kitambaani alinikuta mlangoni.

"Unakwenda wapi?"

"Pamoja na weye, Kambo."

Tulitembea polepole. Baridi ilikuwa inauma masikio. Nilimshika mkono pale kwenye mfereji uliovunjika, akakubali nimshike, tulipovuka akauchomoa.

Mama mwenyekiti alikuwa anafagia mbele ya kanisa na kitenge begani, taa ya betri ikiwaka kwenye ngazi, katekista amesimama karibu na reli, mikono mifukoni, bila kicheko. Nilikuwa nimepanga kumpa mwenyekiti ile karatasi na kurudi nyuma ya Kambo. Niliitoa mfukoni nikamnyooshea kwa mikono miwili.

"Ni nini hii, mutoto?"

"Ni ripoti, mama."

Aliifungua, akaipeleka mbali na macho, akaileta karibu.

"Miwani iko ku nyumba. Nisomee."

Nilimwangalia. Alikuwa ameegemea ufagio na anangoja kweli. Kambo alikuwa amegeuza kichwa upande wangu. Nikaipokea karatasi.

Nilianza na Jumamosi, saa tisa na dakika arobaini alasiri. Sauti yangu ilitoka ndogo, katekista akasogea hatua mbili ili asikie, na kwa kuwa alisogea ikabidi niendelee. Nilisoma ngazi. Nilisoma kobe. Nilisoma kwamba kidole kilichogusa ni changu na si cha Kambo, si mara moja, ni kila siku. Nilipofika kwenye ile mistari minne nilisimama, halafu nikasoma na hiyo: redio ya jirani, dakika kumi na tano, kiatu kimoja.

Mwenyekiti akauliza, "Kiatu gani?"

"Cha kushoto, mama."

Aliitikia kwa kichwa, kana kwamba hilo lilikuwa limebaki kujulikana. Aliichukua karatasi, akaikunja, akaiweka ndani ya kitabu chake cha nyimbo. Alisema wazee watakaa tena, na mimi nitaitwa, nijue hivyo. Alisema mama yangu akirudi kutoka Kipushi atataka kuongea naye. Kwa kila neno niliitika ndiyo, mama. Halafu akamgeukia katekista na Kambo.

"Na sasa saa inapita. Nani anapiga?"

Katekista alitoa mikono mifukoni, akaitazama nyundo ndani ya kitambaa, akamtazama Kambo. "Ni ya Papa," alisema.

Kambo hakunitazama. Alinyoosha simu upande wangu, kama kila asubuhi.

"Somea miye."

"Kumi na moja na dakika ishirini na tisa."

"Ya wapi?"

"Ya hapa, Kambo."

Kambo akamgeukia katekista.

"Na weye, yako inasema je?"

Katekista alikunja mkono wa sweta, akaangalia saa yake, akasema ni hiyo hiyo, Papa, inalingana. Ndipo Kambo akakifungua kitambaa, akaitoa nyundo, akanipa kitambaa nikishike. Nilikishika.